Jini la Herufi Tatu

Siku ya tatu baada ya hitma ya baba yake, Zuhura alifungua mkoba akatoa kitu nilichodhani ni redio. Wageni walikuwa wameshatawanyika, sufuria kubwa za pilau zimerudishwa kwa wenyewe, majamvi yamekunjwa, na nyumba ya Mzee Shebe ilikuwa imeingiwa na ule ukimya unaozishika nyumba zilizojaa watu jana yake. Tulikuwa uani, mimi na yeye tu, tukimenya ndizi za mchana. Kilio chetu tulikuwa tumekwisha kukilia. Mzee mwenyewe alikuwa ameshiba miaka, amefia kitandani mwake, wajukuu wakimsomea. Zuhura alifuta utomvu mikononi kwa pindo la kanga, akakiwasha kile kidude, nacho kikatoa mlio mwembamba wa kupanda, ti-ri-ri-ri, na kisu kikaniponyoka. Nilikuwa sijausikia mlio ule tangu nikiwa msichana. “Umeusikia?” akaniuliza, uso wake wote ukicheka. “Ndiyo yenyewe, Atupele. Ndiyo mashine ya Baba.”

Haikuwa mashine ya baba yake, bila shaka. Ile ilikuwa kubwa kuliko kabati, na hii ilikaa kiganjani kama kipande cha sabuni ya kufulia. Binti wa Zuhura, ambaye kazi yake ni kompyuta, ndiye aliyemnunulia na kumjazia ndani michezo ya zamani, ile ya mashine za kusimama. Zuhura alinieleza jinsi inavyokuwa: mashine zenyewe zilishakufa, zimeoza kwenye maghala ya watu, lakini wako waliokaa wakatengeneza programu inayojifanya kuwa mashine ile, inaiiga kwa kila kitu, hata makosa yake. “Hata makosa?” nikauliza. “Hata makosa. Unamkumbuka yule mdudu aliyekuwa akikwama kwenye kona ya kushoto?” Nilimkumbuka. Tukavaa miwani zetu, tukakaribianisha vichwa, na kweli, wadudu walipoteremka kwa mistari yao kutoka angani, mmoja alienda kukwama kwenye kona ya kushoto, akatetemeka pale kama kuku aliyenasa kwenye ua. Tulicheka mpaka jirani akachungulia juu ya ukuta kuona wafiwa wana nini.

Kucheza kwenyewe siku hizi ni rahisi mno. Zamani ulitia kipande cha shaba ndipo mashine ikubali. Sasa kuna kitufe, ukikibonyeza inaamini umetia, na unaweza kukibonyeza mpaka jua lizame. Halafu kuna kitufe kingine cha kuhifadhi pale ulipofika, ili ukifa urudi palepale kama hukufa. Nilipotaka kukitumia, Zuhura alinipiga kofi dogo la mkono. “Huko ni kufufuka,” akasema. “Sisi tulikuwa hatufufuki.” Basi tukawa tunakufa na kuanza upya, zamu yako zamu yangu, ndizi zikageuka nyeusi kwenye sinia, nami nikawa nimerudi chumba cha nyuma ya duka, mwaka ule.

Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, na majibu yalipotoka hayakunipeleka popote. Nikatumwa mjini kwa mama mdogo, mdogo wake mama yangu, aliyekuwa na mgahawa ulioshikana ukuta na duka la Mzee Shebe. Mgahawa ni neno la heshima. Ulikuwa ukumbi wa mbao wenye meza ndefu moja na mabenchi, moshi ukitokea nyuma, na harufu ya wali wa hapa kwetu, ambayo msafiri aliyeshuka stendi aliifuata bila kuuliza njia. Tulipika wali, ndizi kwa maharage, na siku samaki walipofika kutoka Itungi, mbasa wa kuchoma waliokatwa vipande vinene, mafuta yakidondokea makaa. Mama mdogo alitawala ule ukumbi kwa mwiko. Kiswahili chake kilikuwa na lafudhi nzito ya Kinyakyusa, r yote l na z yote s, hata Zuhura wa jirani akawa Suhula, na mzee mwenyewe alikuwa akiitikia maneno ambayo mtu wa kwao Pangani angeyahitajia mkalimani. Walikuwa wamepakana miaka mingi. Mama mdogo mzee wa Kanisa, Mzee Shebe mwenye duka na kofia ya kufuma, na asubuhi walisalimiana kwa kubadilishana lugha: mama mdogo akisema “Asalaam aleikum” kwa namna yake, na Mzee Shebe akipokea kwa “Mugonile, mama,” akainama kidogo kama mkwe.

Kwa kuwa nilikuwa mtu wa kupeleka sahani na kuondoa sahani, nilisikia mazungumzo ya mji mzima. Ilikuwa zama za ruksa. Kila aliyekaa kwenye lile benchi alikuwa na jambo lililokuwa limekatazwa jana na leo limeruhusiwa. Wanunuzi wa kakao walikuwa wanaingia mpaka Makwale kwenye mashamba ya watu, kila mmoja na mizani yake. Mitumba ilifika kwa marobota, vijana wakatembea juani wamevaa makoti ya theluji. Huyu alikuwa anavuka mpaka na baiskeli, yule anarudi na sabuni. “Sasa hata mimi naweza kuleta meli,” alisema siku moja mteja mmoja, mdomo umejaa ndizi, na mama mdogo akamjibu kutoka jikoni, “Leta kwansa hela ya chai.” Mzee Shebe alisikia hayo yote akicheka, akatafuta lake la kuruhusiwa. Akalipata Dar es Salaam.

Lilifika na lori asubuhi, limefungwa kwa magodoro na kamba za katani. Wanaume walilishusha taratibu, wengine wakivua kofia, maana kwa urefu na kwa jinsi lilivyobebwa kila mtu alidhani ni jeneza. Mama mdogo alitoka na mikono yenye unga, akaanza kumpa pole Mzee Shebe. “Nani tena, msee wangu?” Mzee Shebe akamwambia hapana aliyekufa, hii ni gemu. “Gemu ni nani?” Wakalisukumia chumba cha nyuma ya duka, chumba alichokuwa akiwapangisha wanunuzi wa kakao, na ambacho mpaka mwisho kilinuka ile harufu chachu ya mbegu zilizovundikwa. Magodoro yalipovuliwa tukaona kabati jeusi lenye kioo kifuani, kijiti chenye kichwa chekundu na vitufe viwili. Lilipochomekwa kwenye umeme likaimba ti-ri-ri-ri, na watu wote waliokuwa mlangoni wakarudi nyuma hatua.

Mzee Shebe alikuwa na taabu moja tu: nani akae na mashine. Mtoto wake aliyekuwa nyumbani ni Zuhura, rika langu, na chumba kile kitajaa vijana wa stendi. Binti yake hatakanyaga humo, alisema, na mlango unaotoka uani kwenda chumbani aliutia komeo upande wa uani. Wakati ule kulikuwa na posa ya mfanyabiashara mmoja wa Mbeya, watu wenye sifa na wenye kupenda sifa, na mzee hakutaka neno. Basi akaja kumwomba mama mdogo anipe mimi nishike chumba. Mama mdogo akaniangalia kama anayepima kitambaa. “Huyu hatabasamu ovyo,” akasema. “Mchukue. Lakini saa ya wali niludishie.”

Hivyo nikawa mtunza mashine. Nilikaa kwenye kigoda karibu na mlango, nikiuza vile vipande vya shaba na kuamua nani ametangulia. Mchezo ulikuwa huu: una ndege yako chini, wadudu wanashuka kutoka juu kwa mafungu wakidondosha moto, unawapiga kabla hawajakufikia. Ulipewa ndege tatu. Ya tatu ikipigwa, umekufa, na neno hilo lilienea mjini kabla ya mwezi kuisha, hata ukakuta mama sokoni anamuuliza mwenzake mumewe yuko wapi, akajibiwa, “Yuko kwa Mzee Shebe anakufa.” Ukifa na alama nyingi, mashine ilikupa nafasi ya kuandika herufi tatu za jina lako, zikakaa juu ya kioo wote wazione. Zilikaa mpaka jioni, kwa sababu mashine ilipozimwa ilisahau kila kitu. Kila asubuhi mji ulianza bila mfalme. Na karibu kila siku aliyetawazwa ni Gwakisa, fundi cherehani wa barazani, kijana mrefu mwenye tepu shingoni, ambaye vidole vyake vilizoea kwenda upande mmoja huku mguu ukienda kivyake. Aliandika GWA, akarudi kwenye cherehani yake, na wateja wakampongeza wakati wa kupimwa suruali.

Adhuhuri Mzee Shebe alifunga duka, akaenda msikitini, akala, akalala kidogo. Nami nilifunga mlango wa mbele wa chumba na kubaki ndani kwa kuwa mashine haizimwi mchana. Siku moja nikasikia komeo la upande wa uani linasogea, polepole, kama panya anayejaribu bahati. Zuhura aliingiza kichwa. “Shoga, nionyeshe tu,” akasema. “Nimechoka kuisikia kupitia ukutani.” Nikamwonyesha. Alishika kijiti kwa ncha za vidole kama anayeonja mchuzi, akafa mara tatu upesi upesi, akasema, “Tena.” Kesho yake akarudi. Kuanzia hapo, kila mchana mama yake alipojinyoosha, komeo lilisogea. Alikuja na kashata au ubwabwa wa nazi kwenye kisahani, tukala tumesimama. Mimi nilikuwa mchezaji wa kawaida, na mpaka leo ndivyo nilivyo. Zuhura alikuwa kitu kingine. Hakupiga kelele, hakuusukuma mwili huku na huku kama wale vijana. Alisimama wima, kanga begani, na macho yake yakawa kama yanasoma. Aliniambia wadudu wale hawaji ovyo, wana mwendo wao, na ukiwasikiliza kwa sauti unajua nani anafuata. Alikuwa amejifunza mchezo wote kwa masikio, akiwa jikoni akikuna nazi, kabla hajauona kwa macho.

Alipofikia kuandika jina ndipo palipozaa hadithi. Hakuthubutu kuandika lake. Mashine ilipoanza kuuliza, ilikuwekea A tatu, nawe ukazigeuza. Yeye alibonyeza tu bila kugeuza chochote. Duka lilipofunguliwa alasiri, vijana waliingia wakakuta juu ya GWA kumeandikwa AAA, kwa alama ambazo hakuna mtu mjini aliyepata kuziona. “Nani huyu?” Gwakisa aliniuliza. Nikainua mabega. Siku ya pili AAA yupo. Siku ya tatu yupo tena, amepanda. Gwakisa alichunguza kufuli la mlango wa mbele, akaniuliza kama naacha mtu aingie, nikamwambia kwa kweli kabisa kwamba mlango ule haufunguliwi mchana. Jioni hiyo nikapita na sahani mgahawani, nikamsikia dereva mmoja akimwambia mwenzake kwa sauti ya chini: “Ile mashine inacheza yenyewe. Mchana watu wakilala.” Na mwenzake, akitoa mwiba wa mbasa mdomoni: “Si ametoka pwani yule mzee? Watu wa pwani hawaji mikono mitupu.”

Tulicheka sana, mimi na Zuhura, mwanzoni. Tulidhani ni mzaha wa benchini. Lakini neno jini lina miguu. Kabla ya mwezi kwisha lilikuwa limefika Ngana na kurudi likiwa na mapembe. Walisema Mzee Shebe ameleta jini la kuvuta wateja, kwamba linakula usiku, kwamba A ni herufi ya kwanza ya jina lake na jina zima halitajwi. Akina mama wa kwaya walioshonewa sare kwa vitambaa vya duka lile wakaanza kupita upande wa pili wa barabara. Mteja mmoja alirudisha kanga zikiwa bado kwenye mkunjo wake. Mzee Shebe aliyazoea maneno, lakini nilimwona siku moja amesimama mlangoni mwa duka lake saa ya soko, mikono nyuma, akiwasalimu watu ambao zamani wangesimama, nao wakijibu huku wakitembea. Aliishi hapa tangu ujana, aliwazika watu wa hapa, alikula ndizi kama sisi. Na sasa neno “pwani” lilikuwa limefufuliwa, likawekwa mgongoni mwake. Mchana ule Zuhura alikuja bila kisahani. “Baba hali,” akasema. “Anageuza geuza tu chakula.” Hakucheza.

Nilimwambia aseme. Akaniambia watu wa posa watakuja wiki hiyohiyo. Nikamwambia nitasema mimi, nitasema AAA ni mimi, nani atajua? Tukakubaliana hivyo, na nililala nikijiona shujaa.

Waliokuja ni Mchungaji Ambilikile, imamu, na mwenyekiti wa mtaa, wote watatu wameongozana kwa adabu ili ionekane hakuna dini iliyokuja kuishtaki nyingine. Nyuma yao ulikuja mji. Ilikuwa baada ya swala ya alasiri, mvua imetoka kunyesha na kila mtu ana matope mpaka kifundoni. Mzee Shebe aliwakaribisha viti, wakakataa viti. Mchungaji alikuwa mtu mnene, mpole, mwenye sauti ya kuzoea kuimba besi. Akasema wamekuja kama majirani, kwamba wanasikia maneno na wangependa yaishe. Mzee Shebe akajibu kwamba yeye Mungu wake ni mmoja na mashine yake ni ya umeme. Imamu akasema, “Basi hebu tuambiwe, huyu AAA ni nani?”

“Ni mimi,” nikasema.

Watu wakanigeukia. Mama mdogo alikuwa amesimama mlangoni na mwiko wake. Gwakisa akatoa tepu shingoni, akaikunja pole pole. “Haya, dada yangu,” akasema, bila ubaya, “cheza tuone.” Sikuwa nimefikiria hilo. Nilitia kipande cha shaba, nikashika kijiti, na mara nikajua jinsi chumba kinavyokuwa kidogo watu wakikuangalia mgongoni. Mikono yangu iligeuka mikono ya mtu mwingine. Ndege ya kwanza iliondoka kabla wadudu hawajamaliza kushuka. Ya pili nikaiendesha mwenyewe mpaka kwenye moto. Ya tatu sikumbuki. Mashine ilinililia ule wimbo wake mfupi wa msiba, na nyuma yangu mtu akasema, “Mnaona? Si yeye. Wanajificha nyuma ya binti wa watu,” na mnong’ono ukazunguka kama nyuki. Nikasikia mwenyekiti akikohoa, kikohozi cha mtu anayetaka kutoa uamuzi.

Ndipo komeo likasogea. Safari hii halikusogea kama panya. Liligonga. Mlango wa uani ukafunguka wote, Zuhura akaingia amejifunga kanga moja kiunoni na nyingine kichwani, mikono bado ina unga wa maandazi, akawapa shikamoo wazee mmoja mmoja kama mtu aliyekuta wageni sebuleni. Halafu akamtazama baba yake. “Baba, ni mimi. Mchana, mkilala. Atupele ananikinga tu.” Zuhura akaja kwenye mashine, akanisogeza kwa bega, akafuta mikono. “Nipe kipande, shoga,” akasema.

Wale waliokuwepo bado wanasimulia, ingawa wamebaki wachache, na kila mmoja ana lake. Mimi ninachokumbuka ni ukimya. Fungu la kwanza la wadudu lilifutika kama makombo kwenye meza. La pili vilevile. Kwenye fungu la tatu yule mdudu akakwama konani, Zuhura akamwacha makusudi, akamzunguka, akafagia wengine wote kisha akarudi kumchukua wa mwisho, na mtoto mmoja akapiga makofi akanyamazishwa na mama yake. Baada ya hapo hakuna aliyenyamazishwa. Alama zilipompita Gwakisa, Gwakisa mwenyewe ndiye aliyepiga mluzi. Imamu alikuwa amesogea mpaka pua yake iko karibu na kioo. “Kushoto, binti, kushoto!” alisema, kisha akakumbuka cheo chake akarudi nyuma. Ndege ya mwisho ilipopigwa, mashine ikauliza jina. Zuhura akasimama kidogo na mkono kwenye kijiti. Akazigeuza zile A, moja baada ya moja, mbele ya watu wote: Z, U, H.

Mchungaji Ambilikile alijishika tumbo akicheka. Alikuwa akisoma maandishi ya kanga ya Zuhura, mgongoni, kwa sauti yake ya besi: “‘Mwenye macho haambiwi tazama.’” Akageuka kwa watu. “Haya, tumetazama. Jini tumeliona, ni binti wa jirani yetu, tena linapika maandazi. Twendeni nyumbani.” Kicheko kilichofuata kiliwatoa watu mle chumbani kama mafuriko yanavyotoa vyungu. Mama mdogo alikuwa wa mwisho kutoka. Alimpita Zuhura, akamshika kidevu. “Suhula,” akasema. “Ndaga fijo, mwanangu.” Ukimsikia mama mdogo akishukuru hivyo, ujue amekuona.

Watu wa posa hawakuja. Ulifika ujumbe tu kwamba kijana wao ana safari. Mama yake Zuhura alilia, na asubuhi iliyofuata nilimsikia Zuhura akifagia ua huku anaimba, wimbo mmoja, akiuanzisha na kuuitikia mwenyewe. Baada ya siku kadhaa Mzee Shebe akaja chumbani nikiwa nafungua, akasimama akiangalia ule mlango wa uani. “Nilitia komeo kuzuia watu wasiingie kwangu,” akasema. “Sikujua nimemfungia mtu nje.” Akaling’oa kwa bisibisi yake mwenyewe. Alichosema tena ni kwamba tusipitishe wakati wa swala, na kwamba kashata tule tumekaa, kula umesimama si adabu. Ya kashata hatukuwahi kumwambia, ndipo nikajua kwamba ukuta ule ulipitisha sauti pande zote mbili.

Miezi iliyobaki ilikuwa ya furaha tupu. Wasichana walikuja kutoka Makwale siku za soko, wamebeba ungo kichwani, wakauliza ZUH ni yupi. Wale wa kwaya walirudi upande wetu wa barabara, wakaanza na maandazi kisha vitambaa. Gwakisa alijipa kazi ya kumshinda, akashindwa, akamshonea gauni akasema ni kodi ya mfalme aliyepinduliwa. Na mimi, niliyeaibika mbele ya mji mzima, niliamka siku iliyofuata nikakuta nipo, ninakula, ninapeleka sahani. Hilo lilinishangaza sana. Nadhani ndilo lililonifanya nikubali kurudia mitihani, jambo nililokuwa nalikwepa kwa kuogopa kuanguka tena watu wakiona. Nimefundisha madarasani umri wangu wote wa kazi, nimesimama mbele ya macho mengi kuliko yale.

Nilimwambia Zuhura hayo juzi, tukiwa uani na kile kidude. Alinisikiliza, akanipa zamu yangu. Akasema sauti ni ileile na wadudu ni walewale, binti yake ana haki ya kujivuna, lakini programu haijaweza kuiga benchi la mama mdogo upande wa pili wa ukuta. Akakiinua kidude puani, akakinusa. “Wala kakao,” akasema.

Mwisho wa mwaka ule mtu alifungua chumba cha video karibu na stendi, vijana wakahamia huko, na Mzee Shebe akapata mnunuzi wa mashine kutoka Tunduma. Hakusikitika, alikuwa mfanyabiashara. Lori lilipokuja kuichukua ilikuwa mchana, jua limewaka baada ya mvua na barabara yote inatoa mvuke. Dereva alirudisha gari kinyumenyume mpaka mlangoni, wapagazi wakaingia na magodoro na kamba. Mzee Shebe akawaambia watoke kidogo. Akavua kofia yake akaiweka juu ya mashine. Katika mwaka mzima hatukuwahi kumwona akikigusa kile kijiti.

“Hebu nifundishe,” akamwambia Zuhura.

Zuhura akasimama nyuma yake, akapitisha mikono chini ya kwapa za baba yake, akashika mikono ile mikubwa kama mtu anayemwandikisha mtoto herufi. Ndege ya kwanza ilikufa papo hapo. “Nimekufa?” akauliza mzee. “Umekufa, Baba, lakini bado unazo mbili.” Ya pili ilidumu kidogo, akampiga mdudu mmoja, akapiga kelele ya kijana, na mama mdogo akatoka mgahawani kuja kuona. Zuhura akamwachia mikono. Mzee akaingia na ndege yake ya mwisho peke yake, miguu ameitanua, ndevu zinatetemeka, akienda kulia wakati ilipasa kwenda kushoto, na kwa rehema asizozijua akazidi kupona. Nje dereva akapiga honi. Akapiga tena, ndefu. “Mzee!” akaita. “Kutatuchwea njiani!”

Mzee Shebe hakuinua macho.

“Mwambieni asubiri,” akasema. “Bado sijafa.”